Mlima Uko Juu, Maji Yanatoka Chini

Tarehe 9 Machi 2025, wilayani Mwanga, Rais Samia Suluhu Hassan alizindua mradi wa maji wa Same–Mwanga–Korogwe, uliogharimu takriban shilingi bilioni 300 na ambao ujenzi wake ulianza mwaka 2014. Maji ya mradi huo hayatoki kwenye Milima ya Upare. Yanatoka bwawa la Nyumba ya Mungu, kwenye bonde la Mto Pangani, mahali palipo chini kuliko mji wa Same wenyewe. Husafishwa, kisha husukumwa kwa pampu za umeme.

Hapo ndipo mkanganyiko unapoanzia. Mkazi wa Same anayetazama mawingu yakilala juu ya mgongo wa mlima asubuhi ana haki ya kuuliza: kwa nini tupandishe maji kutoka bondeni wakati tungeweza kuyateremsha kutoka juu? Swali hilo huzaa mengine. Kama maji ni ya Mungu, ankara inalipia nini? Vijiji vya mlimani vina vijito, mbona navyo vinalia? Na kwa nini bomba likishapita, bado kuna mama aliyeweka dumu kichwani?

Majibu ya mkato ni mengi: siasa, uzembe, ukame. Hakuna hata moja linalotosha. Jambo lenyewe lina tabaka kadhaa, na anayeshika tabaka moja tu atamlaumu asiyestahili.

Mvua ya upande wa pili

Milima ya Upare ni sehemu ya Tao la Mashariki, safu inayoanzia Taita nchini Kenya na kushuka hadi Udzungwa. Upepo wenye unyevu hutoka Bahari ya Hindi, hupanda miteremko ya mashariki, hupoa na kutua mzigo wake huko. Ndiyo maana Mamba Miamba hustawisha tangawizi, na tambarare za Gonja na Ndungu hulima mpunga kwa mito inayoshuka upande huo. Upepo ukishavuka vilele, Shengena kikiwa ndicho kirefu kuliko vyote kwa mita 2,462, umebaki mkavu. Same, Makanya na Hedaru ziko upande wa magharibi, ndani ya kivuli cha mvua. Mji wa Same hupata kiasi cha milimita 500 hadi 600 kwa mwaka, zikigawanyika kati ya vuli na masika, na si ajabu msimu mmoja kati ya hiyo miwili kuharibika kabisa.

Wilaya moja ya Same, basi, ina anga mbili. Novemba 2009 mvua kubwa iliporomosha udongo huko Mamba Miamba, watu zaidi ya 20 wakapoteza maisha. Katika wilaya hiyohiyo, upande wa pili wa mlima, kuna familia zilizozoea kupanga siku nzima kwa kufuata foleni ya bomba. Anayesema "Same kuna maji" anasema kweli, na anayesema "Same hakuna maji" anasema kweli pia. Wanachobishania ni mteremko upi.

Kila kijito kina mwenyewe

Hoja ya kwanza, na ndiyo inayopendwa zaidi, ni ya maji ya mserereko: tega chanzo juu, laza bomba, maji yashuke yenyewe. Nguvu yake haihitaji kutetewa sana. Hakuna umeme wa kulipia, hakuna pampu ya kuungua, na fundi wa kijijini anaweza kuitengeneza. Vijiji vingi vya mlimani vinaishi kwa njia hii, na vinaishi vizuri mradi chanzo kitunzwe.

Udhaifu wake unaonekana ukifuata kijito hadi mwisho. Vijito vya upande wa magharibi ni vyembamba, na havikuwa vikisubiri mji wa Same uzaliwe ndipo vipate kazi. Wapare walikwisha kuvifanyia mpango zamani, na mpango huo unaitwa ndiva.

Ndiva ni lambo dogo la udongo, siku hizi mara nyingine limesakafiwa kwa saruji, linalokinga maji ya kijito usiku kucha. Maana yake ni hii: kijito chembamba kikielekezwa shambani moja kwa moja, mfereji wenyewe huyanywa maji kabla hayajafika kwenye mahindi. Yakikusanywa usiku na kufunguliwa alfajiri kwa mkupuo, yanakuwa na nguvu ya kufika. Nyingi hubeba mita za ujazo mamia machache tu. Ni kitu kidogo, lakini kimejengwa na watu walioelewa vizuri kabisa jinsi mteremko na udongo wao unavyofanya kazi, na ningependa wanafunzi wa uhandisi wapelekwe kuiona kabla hawajaonyeshwa pampu.

Ndiva ilikuwa na wenyewe, yaani ukoo ulioichimba. Ukoo huo ulisimamia zamu, na ukarabati ulifanywa kwa msaragambo, kazi ya pamoja ambayo asiyefika hutozwa faini. Bonde la Mto Makanya, ambalo limechunguzwa kwa muda mrefu na watafiti, wakiwamo wa Chuo Kikuu cha Kilimo cha Sokoine, linaonyesha mpango huo ukifanya kazi na ukifika kikomo chake. Juu kuna Vudee, katikati Bangalala, chini Makanya. Ndiva ya Manoo huhudumia wakulima wa Vudee na wa Bangalala kwa zamu, na makubaliano hayo hayakushikiliwa na karatasi. Yalishikiliwa na undugu: watu wa juu na wa chini wameoleana, wana makaburi ya pamoja, na mtu huona haya kumkaushia shemeji yake. Lakini undugu haukufika Makanya kwa nguvu ileile. Kijiji cha chini kimebaki kutegemea zaidi mafuriko yanayoshuka mvua inaponyesha, na mto ukitulia, nacho hutulia kikiwa kitupu.

Mtu anayetaka mji wa Same unyweshwe na vijito hivi anaomba, bila kujua, kwamba mahindi ya Bangalala yanyimwe maji ili mabomba ya mjini yapate. Kila lita unayoiona ikishuka pale ina zamu yake. Na hata mpango wa zamani wenyewe si wa kuimbiwa sifa tu. Mwanamke anayelima bila mume mara nyingi hakuwa na sauti kwenye kikao cha ndiva, na zamu za mwisho ziliwaangukia wasio na mtu wa kuwasemea. Watu wameongezeka, mashamba yamegawanywa, vijana waliokuwa nguvu ya msaragambo wako Moshi, Arusha na Dar es Salaam. Lambo lililokuwa likizolewa tope na watu hamsini likiachiwa wazee kumi, linajaa tope.

Bondeni, kwenye bwawa la wengi

Hoja ya pili ni ile ambayo serikali imeichagua. Bwawa la Nyumba ya Mungu lilijengwa miaka ya 1960, na mitambo yake ya umeme ya megawati 8 ilianza kazi mwaka 1968. Linalishwa na Mto Kikuletwa, unaokusanya maji ya Meru na Kilimanjaro, na Mto Ruvu unaotoka Ziwa Jipe. Kwa hiyo sehemu kubwa ya maji yanayofika Same kwa bomba jipya ni maji ya mlima kweli, ila mlima wa majirani.

Likijaa, bwawa hubeba zaidi ya mita za ujazo bilioni moja. Kuna hofu kwamba miji ya Upare italikausha na kuwanyima walio chini: wakulima wa bonde, wavuvi, na mitambo ya Hale yenye megawati 21 na Pangani Mpya yenye megawati 68. Hofu hiyo tuipige hesabu. Watu laki tano wakitumia lita 60 kila mmoja kwa siku ni kama mita za ujazo milioni 11 kwa mwaka. Bwawa lina uso wa kilomita za mraba kama 140. Jua likichukua hata mita moja na nusu tu ya kina kwa mwaka, zimeondoka mita za ujazo milioni 210. Maji ya kunywa, yakipimwa na yanayopandishwa na jua, ni kidogo sana. Mvutano wa kweli katika Bonde la Pangani, ambalo limekuwa na bodi yake ya maji tangu mwaka 1991, umekuwa wa kilimo na umeme, na hautaanzishwa na sufuria za Same.

Gharama ya hoja hii iko kwingine. Uso wa bwawa uko karibu mita 690 juu ya usawa wa bahari, na Same iko juu ya mita 850. Maji hupandishwa hadi tangi lililo kwenye kilima cha Kiverenge ndipo yaanze kuserereka. Uniti moja ya maji ni mita moja ya ujazo, yaani tani nzima. Kuiinua tani hiyo mita 170 huhitaji karibu nusu uniti ya umeme kwa hesabu ya fizikia tupu, kabla hujaweka msuguano wa bomba refu, hasara za pampu na dawa ya kusafisha. Hiki ndicho ankara inacholipia. Maji yenyewe ni ya Mungu. Kuyapandisha ni kazi ya umeme wa TANESCO, na TANESCO hulipwa.

Udhaifu mwingine ni kwamba mpango mkubwa una shingo moja. Ndiva ikibomoka, kijiji kimoja kinakosa. Pampu ikisimama au umeme ukikatika, mji mzima na vijiji vyote vya kandokando vinakosa kwa pamoja. Na ukubwa huohuo ndio uliochelewesha: fedha za serikali na mikopo ya mifuko ya nje, mikataba, makandarasi walioondolewa njiani, miaka kumi na moja kutoka kuanza kujenga hadi kuzindua. Mtoto aliyezaliwa mwaka ambao mitaro ilianza kuchimbwa alikuwa shule ya msingi maji yalipofunguliwa.

Zipo pia njia za pembeni. Visima virefu vinasaidia, lakini baadhi ya visima vya tambarare hutoa maji ya chumvi. Maji ya mvua hudharauliwa isivyo haki: bati la mita za mraba 50, kwa mvua ya milimita 550, hupokea lita 27,500 kwa mwaka, na hata ukipoteza sehemu ya tano zinabaki lita 22,000, sawa na madumu 1,100 ya lita 20. Tatizo ni kwamba zinakuja kwa misimu miwili, na simtanki la kuzihifadhi lina bei.

Hesabu ya dumu

Mabishano ya chanzo kipi ni bora mara nyingi hufanywa na watu wasiobeba ndoo. Tuishushe hesabu hadi mlangoni.

Sera ya Taifa ya Maji ya mwaka 2002 iliweka kipimo cha vijijini: lita 25 kwa mtu kwa siku, kituo cha kuchotea kisizidi mita 400 kutoka nyumbani, bomba moja kwa watu 250. Familia ya watu sita basi inahitaji lita 150, yaani madumu saba na nusu. Tufanye manane. Safari moja, kwenda, kupanga foleni na kurudi, ikichukua nusu saa, hizo ni saa nne kila siku. Saa hizo hazimo katika bajeti ya mradi wowote. Zimo kwenye shingo ya mwanamke, kwenye daftari la mtoto aliyefika shuleni amechelewa, na kwenye genge ambalo halikufunguliwa asubuhi.

Anayenunua kwa mwenye guta au bodaboda hukwepa saa hizo, lakini halipi kidogo. Madumu 50 ni uniti moja. Kila shilingi 100 ya bei ya dumu ni shilingi 5,000 kwa uniti. Dumu likifika shilingi 300, uniti ni 15,000. Bei za maji ya bomba mijini, zinazoidhinishwa na EWURA, mdhibiti wa nishati na maji, ziko mbali sana chini ya hapo. Ndiyo kusema, mtu anayelipa ghali kuliko wote ni yule asiye na bomba, na asiye na bomba mara nyingi ndiye mwenye kipato kidogo. Mjadala wa "maji ya bure au ya kulipia" unakosea mlango hapo. Familia hizi hazijawahi kuwa na maji ya bure. Zimekuwa zikilipa kwa sarafu na kwa mgongo.

Kwa nini basi asiunganishe, ikiwa bomba limepita barabarani? Kwa sababu fedha yake huja kwa siku na huduma huombwa kwa mkupuo. Bomba la kutoka njia kuu, dira, fundi, koki: vyote hutakiwa pamoja. Mama lishe anayepata faida ya elfu chache kwa siku anaweza kununua madumu sita leo na sita kesho mpaka mwaka uishe. Hawezi kukusanya gharama ya kuunganishwa bila kugusa ada ya mtoto au kukopa kwenye kikoba. Hana uvivu wala hana ujinga wa hesabu. Anajua kabisa kwamba dumu ni ghali. Kinachomshinda ni kwamba njia ya bei rahisi ina kiingilio.

Hili ndilo linaloifanya shida kuwa ya kimya. Imegawanywa vipande vidogo mno, dumu moja moja, siku moja moja, nyumba moja moja. Hakuna siku inayofika pale inapoonekana nzima.

Kulipa, na kukadiriwa

Hoja ya maji bure haikutokea hewani. Baada ya Azimio la Arusha, taifa liliyatazama maji kama huduma ya jamii, na mwaka 1971 ulianzishwa mpango wa miaka 20 uliolenga kila mwanakijiji awe na maji karibu na nyumbani ifikapo 1991. Pampu zilifungwa, mabomba yalilazwa, na mengi yakafa kwa kukosa dizeli, vipuri na mtu aliyewajibika. Sera ya mwaka 1991, kisha ile ya 2002, zikaleta uchangiaji. Sheria ya mwaka 2019 ikaanzisha RUWASA, wakala wa maji vijijini, na uendeshaji ukawekwa mikononi mwa vyombo vya watumia maji vya jamii. Mzee aliyeishi nyakati zote hizo ana sababu ya kukumbuka maji ya bure kwa upendo. Ana sababu pia ya kukumbuka jinsi yalivyokatika.

Lakini watawala wa leo wangefanya vema kukumbuka jambo jingine la Same. Miaka ya 1940 serikali ya kikoloni ilileta Upareni kodi ya kukadiriwa, iliyoitwa mbiru. Mwaka 1945 maelfu ya Wapare walishuka kutoka milimani wakakusanyika makao ya wilaya hapa Same, wanawake wakawaletea chakula na baadaye nao wakaandamana. Mwanahistoria Isaria Kimambo, mwana wa Upare, aliliandikia tukio hilo kitabu kilichotoka mwaka 1971. Kiini cha mgogoro ule hakikuwa kukataa kodi. Walikuwa tayari kulipa kodi ya kichwa iliyo sawa kwa wote. Walichokataa ni mtu kuja kuangalia mji wako na kusema kiasi, bila wewe kujua amefikaje hapo.

Malalamiko ya ankara za maji yana sauti ileile. Sikiliza kwa makini na utaona wengi hawasemi "sitaki kulipa". Wanasema "hawajasoma dira", "mwezi huu maji yalitoka siku tatu, mbona ankara ni ileile?", "upepo unazungusha mita". Ni malalamiko ya kukadiriwa. Dira za malipo ya kabla zinaondoa sehemu ya shaka hiyo na zinaendana na mfuko wa siku kwa siku, kwa hiyo zina faida kubwa kwa mtu wa kipato cha kuokoteza. Ubaya wake ni kwamba hazijui msiba wala ugonjwa. Salio likiisha, bomba linafunga.

Kipi kizito zaidi

Tukiweka yote kwenye mizani, kwa mji wa Same na vijiji vya tambarare sioni njia nyingine ya maana kuliko bwawa. Vijito vya magharibi havitoshi, vina wenyewe, na kuvichukua ni kuhamishia kiu mlimani. Gharama ya umeme ni ya kweli, lakini ni ndogo kuliko bei ya dumu, na ni ndogo mno kuliko saa nne za mwanamke kila siku. Mlimani, kinyume chake, kupeleka pampu kungekuwa ni ukaidi. Huko mserereko na ndiva vinafaa, na fedha kidogo ya saruji, pamoja na ulinzi wa msitu wa Chome unaolisha vijito, ingezaa zaidi kuliko mradi wowote wa kukatiwa utepe.

Ninaowahofia zaidi ni watu wa katikati. Bangalala na vijiji vinavyofanana nacho viko juu mno kwa bomba la bondeni na chini mno kuwa vya kwanza kwenye kijito. Sheria ya Usimamizi wa Rasilimali za Maji ya mwaka 2009 inataka anayechepusha maji awe na kibali kutoka bodi ya bonde. Mkulima mkubwa mwenye mhasibu hukipata. Ndiva ya ukoo, isiyo na anwani wala muhuri, hubaki ikihesabiwa kama haipo, ingawa imetumika kwa vizazi. Siku maji yatakapopungua, aliye na karatasi atasikilizwa kwanza. Kusajili ndiva kwa jina la kundi lote la watumiaji, wanawake wanaolima wakiwamo kwenye orodha na kwenye kamati, ni kazi ya ofisi ambayo haipigiwi ngoma, nami naiona ni ya haraka kuliko tangi jipya.

Mjini, kikwazo si maji tena bali kile kiingilio. Gharama ya kuunganishwa ikigawanywa kwenye malipo ya kila mwezi kwa miaka miwili au mitatu, mama lishe yule anayenunua madumu sita kwa siku atakuwa analipa kidogo kuliko anavyolipa sasa, pamoja na deni lake. Hesabu hiyo inaweza kufanywa na karani yeyote kwenye meza ya mamlaka ya maji, kwa kalamu, mbele ya mteja, akimwonyesha kila tarakimu inatoka wapi.